Mbio za Chama na Mwili wa Mkimbiaji

(Maneno yaliyosomwa na mwanachama mmoja, tabibu mstaafu, katika mkutano wa wanachama kabla ya kupigwa kura juu ya Siku ya Michezo. Twayachapa kama alivyoyasoma, kwa ombi la wanachama waliokuwa safarini.)



Nimeombwa nisizidishe nusu saa, nami nitajitahidi, ingawa sisi tuliozeeka katika kazi ya dawa tuna desturi ya kusema sana tukisha kustaafu, maana miaka yote ya kazi wagonjwa ndio waliokuwa wakisema, na sisi tukiandika.

Mbele yenu ipo karatasi ya Halmashauri juu ya Siku ya Michezo. Sina neno na tarehe, wala na fedha za jezi, wala na chai. Neno langu ni juu ya vifungu viwili tu. Kifungu cha nne chasema kwamba kila mwanachama atakimbia kilomita tano, na asiyekimbia bila ruhusa ya Halmashauri atatozwa faini. Kifungu cha tano chasema kwamba wenye maradhi ya moyo, presha, kisukari na pumu, pamoja na mabibi waja wazito, hawataruhusiwa kuingia katika mchezo wo wote. Nimevisoma vifungu hivi mara nyingi. Kwa maoni yangu cha nne chaweza kumwua mtu siku hiyo hiyo, na cha tano chaweza kumdhuru polepole kwa miaka. Naomba vyote viwili viondolewe, nami nitaeleza sababu zangu.

Msinidhanie kuwa mimi ni adui wa mazoezi. Kazi yetu ya ukarani ni kazi ya kukaa. Twakaa ofisini, twakaa katika basi, na tukifika nyumbani twakaa tena. Katika mwaka 1953 daktari mmoja wa Uingereza, jina lake Jeremy Morris, pamoja na wenzake, alichapisha habari za watu wa mabasi ya London. Basi la ghorofa lilikuwa na watumishi wawili: dereva, aliyekaa kitini kutwa, na kondakta, aliyepanda na kushuka ngazi akikata tiketi. Mwajiri wao mmoja, na barabara zao zile zile, walakini maradhi ya mishipa ya moyo yaliwashika madereva zaidi kuliko makondakta. Kisha akawatazama watumishi wa posta: wapeleka barua wanaokwenda kwa miguu na kwa baiskeli, na wenzao wanaofanya kazi za mezani na za simu. Nadhani mwaweza kukisia ni kundi gani lililopata nafuu. Si makarani.

Tangu siku zile ushahidi umezidi kuongezeka. Shirika la Afya Ulimwenguni, katika shauri lake la mwaka 2020, limetaka watu wazima wapate dakika 150 hata 300 za mwendo wa wastani kila juma, au dakika 75 hata 150 za mwendo mkali. Na hapa kwetu, Desemba 2016, Bibi Samia Suluhu Hassan, aliyekuwa Makamu wa Rais wakati huo, aliagiza Jumamosi ya pili ya kila mwezi iwe siku ya mazoezi. Kwa hiyo Halmashauri imekusudia jema. Ninalosema ni kwamba mazoezi ni dawa. Na dawa, kama mjuavyo, ina kipimo chake, tena ina mtu asiyepaswa kupewa leo ingawa kesho atapewa.

Sasa nitasimulia habari nisiyopenda kuisimulia. Miaka mingi iliyopita nilikuwa katika kituo nisichotaka kukitaja. Alikuwako karani wa masijala, mtu wa miaka arobaini na kitu, mwema sana na mcheshi. Alinijia mara tatu katika muda wa mwezi mmoja, akisema kifua chambana akipanda ngazi na mafaili, na akisimama kidogo chamwachia. Mwenyewe alisema ni kiungulia, nami nilikubali kuwa ni kiungulia, nikampa vidonge vya kutafuna. Sikumwuliza swali moja ambalo mwanafunzi wa mwaka wa kwanza angaliuliza: je, kinakubana ukifanya kazi, na kuachia ukipumzika? Maana maumivu ya namna hiyo si ya tumbo, ni ya moyo unaokosa damu.

Ikaja siku ya michezo. Kila idara ilitakiwa kutimiza hesabu ya wakimbiaji, na mkubwa wake alikuwa amekwisha kuandika jina lake. Nilimwona mstarini akifunga kamba za viatu. Akanicheka, akaniambia, "Leo kiungulia changu kitatoka kwa jasho." Nami nikacheka. Katika mzunguko wa pili alianguka. Watu walimzunguka, mmoja akammwagia maji, mwingine akampepea kwa kofia, wote wakiwa wameshikwa na huruma na wala hapana aliyejua la kufanya. Hata nilipopenya katikati yao zilikuwa zimepita dakika nyingi. Gari la kumchukua halikuwapo. Alikata roho kabla ya kufika hospitali. Kesho yake niliandika ripoti, na ripoti ilikuwa safi, haina kosa la chapa wala la tarehe.

Basi, nikiona neno "faini" katika karatasi ya michezo, mniwie radhi nikipatwa na hofu. Yule bwana hakulazimishwa kwa bunduki. Alilazimishwa kwa orodha.

Nianze na moyo, kwa kuwa ndio uuao ghafla. Dalili nilizokwisha kuzitaja ni za kwanza: kifua, taya au mkono kubana wakati wa kazi. Zipo nyingine. Mtu anayezimia katikati ya mbio, wala si baada ya kusimama juani, huyo asikimbie tena mpaka apimwe. Mtu anayekosa pumzi akilala chali, au anayevimba miguu jioni, au ambaye moyo wake huruka-ruka bila sababu, vivyo hivyo. Na yule ambaye ndugu yake wa damu alikufa ghafla angali kijana, hata kama jamaa walisema ni jicho la watu, aende apimwe moyo. Tulimwona Marc-Vivien Foé wa Kameruni akianguka uwanjani Lyon tarehe 26 Juni 2003, mbele ya dunia nzima, akiwa na miaka 28. Baadaye ilionekana kwamba nyama ya moyo wake ilikuwa nene kupita kiasi, nao ni ugonjwa ambao mara nyingi hurithiwa. Fabrice Muamba, mzaliwa wa Kinshasa, alianguka London mwezi Machi 2012, na moyo wake haukupiga wenyewe kwa dakika 78. Alipona kwa sababu watu walianza kumbonyeza kifua pale pale, na wala hawakuacha. Vijana hao walikuwa wachezaji wa kulipwa, wenye madaktari wao. Sisi tuna filimbi na ndoo ya maji.

Wapo wenye moyo ambao hawapaswi kabisa kufanya mazoezi kwa wakati huo: mwenye maumivu ya kifua yanayozidi au yanayokuja hata amekaa, mwenye moyo ulioshindwa kazi na bado haujatulizwa kwa dawa, mwenye mapigo yaliyovurugika yasiyotibiwa, mwenye mlango wa moyo uliobana sana na dalili zake, mwenye damu iliyoganda mapafuni, mwenye uvimbe mpya wa nyama ya moyo. Hawa kazi yao ni kitanda na dawa.

Walakini tusiseme, kama kifungu cha tano kisemavyo, kwamba kila mwenye moyo akae. Zamani mtu aliyepatwa na shtuko la moyo alilazwa majuma kadhaa, asiruhusiwe hata kujilisha. Mwaka 1952 Samuel Levine na Bernard Lown, madaktari wa Marekani, walichapisha habari za wagonjwa waliowekwa kitini mapema badala ya kulazwa tu, nao hawakudhurika. Mwaka 1955 Rais Eisenhower alipatwa na shtuko la moyo. Daktari wake Paul Dudley White hakumfungia nyumbani, bali alimrudisha kidogo kidogo katika mwendo na kazi, na mwaka uliofuata alichaguliwa tena. Siku hizi mazoezi ya kipimo ni sehemu ya matibabu ya watu hao. Mwanachama wetu aliyepona, anayetumia dawa zake, ambaye daktari wake amemwambia atembee, ni kwa sheria gani tumkalishe kivulini kama mtoto aliyekosa?

Sasa presha. Najua katika ukumbi huu wapo wengi, na najua wapo wasiojijua, kwa kuwa presha haina maumivu. Presha iliyotulizwa kwa dawa si kizuizi cha mazoezi; mazoezi yenyewe huishusha. Lakini anayepimwa asubuhi ile akakutwa amefika 180 juu, au 110 chini, asikimbie siku hiyo. Arudi kwa daktari, dawa zitazamwe, atakimbia mwezi ujao.

Hapa sina budi kusema neno juu ya kuvuta kamba. Najua mchezo huu ni kipenzi cha watumishi wa Serikali tangu michezo ya idara mpaka ile ya SHIMIWI, na mimi mwenyewe nimeuvuta na kuanguka matopeni kwa furaha. Lakini mtazameni mvutaji: ameziba pumzi, meno ameyakaza, mishipa ya shingo imesimama. Mwaka 1985 wataalamu wa Canada walipima presha ndani ya mshipa wa vijana watano, wazoefu wa kunyanyua vyuma, walipokuwa wakisukuma uzito mkubwa kwa miguu. Wastani wake ulifika 320 kwa 250. Hao walikuwa wazima, na mishipa yao ilistahimili. Mwenye presha isiyotulizwa, au mwenye kisukari kilichokwisha kuharibu mishipa ya jicho, akikaza namna hiyo aweza kupasuka mshipa. Kwa hiyo naomba kamba ivutwe na waliopimwa, na wengine wote tuwe washangiliaji, kazi ambayo nayo yahitaji pumzi.

Wenye kutumia dawa za presha wajue mambo mawili. Vidonge vya kukojosha hupunguza maji na chumvi mwilini, na jua letu hupunguza tena. Hao wanywe maji, waanze asubuhi. Na vidonge vinavyoishia na sauti ya "lolo", kama vile atenololo na propranololo, huzuia mapigo ya moyo yasipande. Basi anayehesabu mapigo ili kujua kama amechoka atadanganyika. Kipimo kilicho bora kwake, na kwetu sote, ni mdomo wake mwenyewe. Akiweza kuzungumza lakini hawezi kuimba, huo ni mwendo wa wastani. Akishindwa kumaliza sentensi, apunguze.

Kisukari ndicho chenye maneno mengi zaidi, nami nitakaa hapo kidogo, maana wenye kisukari tumewafanyia makosa mawili kinyume cha kila moja. Wengine tumewaambia wapumzike, na kumbe mwendo wa miguu hushusha sukari kama dawa. Wengine tumewaambia wakimbie, bila kuwaambia kwamba dawa na mbio zikikutana zaweza kuishusha mno. Anayetumia insulini, au vidonge vya namna ya glibenklamidi ambavyo vimeenea sana katika zahanati zetu, apime kabla ya kuanza. Ikiwa sukari ni chini ya milimoli 5 kwa lita, ale kwanza, ndizi au kipande cha mkate. Ikiwa imepita 14 naye anajisikia mgonjwa, anatapika, au mkojo wake umeonyesha ketoni, asifanye mazoezi kabisa, kwa kuwa mwili wake umekosa insulini na kazi itazidi kuuharibu. Asijidunge katika paja atakalokimbilia, kwani dawa itaingia upesi kuliko alivyokadiria.

Dalili za sukari kushuka ni jasho la baridi, kutetemeka, njaa ya ghafla, hasira isiyo na sababu, na mwisho kuchanganyikiwa. Siku ya michezo kila mtu anatoka jasho na wengi wana hasira, hasa wakishindwa, kwa hiyo ni rahisi kukosa kuzitambua. Mwenzake ajue. Ampe vijiko vitatu vya sukari katika maji, au nusu ya chupa ya soda ya kawaida, isiwe ile isiyo na sukari. Angoje dakika kumi na tano, apime tena. Akiwa hana fahamu asitiwe kitu kinywani. Tena yafaa ijulikane kwamba sukari yaweza kushuka hata usiku, saa nyingi baada ya mbio, mtu amelala na jamaa wanadhani amechoka tu. Na wenzetu watakaofunga Ramadhani wakitumia dawa hizi, wasipange mbio mchana wa saumu. Washauriane na daktari kabla ya mwezi kuandama.

Jambo la mwisho la kisukari ni la aibu kwa sababu ni dogo: viatu. Mtu aliyekufa ganzi nyayo hajui kwamba kokoto imo kiatuni. Nimeona kidole kikikatwa kwa ajili ya kokoto. Avae soksi safi, atie mkono kiatuni kabla ya mguu, na jioni atazame nyayo zake kwa kioo, au amwombe mkewe amtazamie.

Pumu haihitaji maneno mengi. Mwenye pumu iliyotulia anaweza kukimbia, hata kushinda; avute dawa yake ya kufungua kifua dakika kumi au kumi na tano kabla, aanze kwa mwendo mdogo, na kopo lake liwe mfukoni wala si katika mkoba ulioachwa ofisini. Ikiwa juma hilo ameamka usiku kwa kukohoa, apumzike. Mwenye homa, iwe ya malaria, ya mafua au ya nini, asikimbie mpaka imwondoke. Homa na mbio ni mizigo miwili juu ya moyo mmoja.

Selimundu nayo ipo kwetu, hasa katika nchi za pwani na za kando ya Ziwa. Mwenye ugonjwa wenyewe asishindane. Atembee, anywe maji, asipoe wala asipate joto kupita kiasi. Ila yupo pia aliyerithi kwa mzazi mmoja tu, ambaye ni mzima na huenda hajui. Mwaka 2016 ulichapishwa uchunguzi wa askari weusi wa Marekani wapatao 48,000. Wenye urithi huo hawakufa zaidi kuliko wenzao, lakini hatari ya misuli kuvunjika-vunjika kwa kazi ngumu ilikuwa kubwa zaidi kwao, kwa kadiri ya nusu tena. Basi mtu akisema katikati ya mbio kwamba mapaja yamekuwa kama mawe, asicharazwe kwa maneno ya "jikaze". Aketi kivulini apewe maji, na mkojo wake ukiwa mweusi kama chai ya rangi apelekwe hospitali mara moja.

Sasa nawageukia mabibi, ambao kifungu cha tano kimewaweka katika orodha ya wagonjwa. Mimba si ugonjwa. Nakiri kwamba sisi wa dawa ndio tuliofundisha hofu hii. Mwaka 1985 chama cha madaktari wa uzazi wa Marekani kiliandika kwamba mja mzito asipitishe mapigo 140 kwa dakika, wala asifanye mazoezi makali zaidi ya dakika kumi na tano. Mwaka 1994 chama hicho hicho kiliondoa mipaka hiyo. Walakini sheria ikiisha kukaririwa haifi upesi, nanyi makarani mwajua waraka uliofutwa unavyoweza kuishi kabatini miaka thelathini. Siku hizi shauri ni kwamba mja mzito asiye na kizuizi apate angalau dakika 150 kwa juma za mwendo wa wastani. Waliokusanya uchunguzi wa nchi nyingi kwa ajili ya mwongozo wa Canada wa mwaka 2019 waliona kwamba mabibi waliofanya mazoezi walipata kisukari cha mimba, presha ya mimba, na ile hali inayotangulia kifafa cha mimba, kwa uchache zaidi, tofauti ikiwa zaidi ya theluthi. Wala mimba hazikuharibika zaidi.

Wala tusijidanganye kwamba tunawahurumia. Bwana mmoja aliniambia hawezi kumruhusu mkewe atembee na Chama kilomita mbili kwa kuwa ana mimba ya miezi mitano. Nikamwuliza ni nani aliyechota maji ya nyumba asubuhi ile. Ndoo ya lita ishirini ina uzito wa kilo ishirini, na kisima kilikuwa mbali. Kama yuko bibi wa kuhurumiwa, ahurumiwe katika ndoo.

Vizuizi, hata hivyo, vipo, na katika hivyo sitaki mzaha. Asifanye mazoezi, mbali na shughuli ndogo za nyumbani, yule atokwaye na damu isiyojulikana sababu. Yule ambaye chupa imepasuka au uchungu umeanza kabla ya wakati. Mwenye kondo la nyuma lililokaa juu ya mlango wa kizazi baada ya juma la 28. Mwenye mlango wa kizazi dhaifu. Mwenye presha isiyotulizwa, au presha pamoja na protini katika mkojo. Aliyebeba watoto watatu. Ambaye mtoto wake hakui tumboni ipasavyo. Na mwenye kisukari cha insulini, tezi ya shingo, moyo au mapafu yasiyotulizwa. Wapo wengine ambao yapasa wazungumze kwanza na daktari au mkunga: aliyepoteza mimba mara kwa mara, aliyewahi kuzaa kabla ya wakati, mwenye pacha baada ya juma la 28, na mwenye upungufu wa damu unaomchosha. Huyu wa mwisho ndiye nimwogopaye kwetu kuliko wote, maana malaria na minyoo na chakula kibovu huwapunguzia damu mabibi wengi wasiojua, nao hudhani kwamba kuchoka ndiyo mimba yenyewe.

Aliye salama atembee, aogelee akijua kuogelea, acheze ngoma. Aache michezo ya kugongana na ya kuanguka; netiboli yetu, kwa jinsi inavyochezwa kati ya Idara mbili nisizozitaja, imo. Baada ya miezi minne au mitano asifanye mazoezi ya kulala chali, kwa sababu tumbo hulalia mshipa mkubwa wa damu. Akwepe jua la mchana. Na akiona damu au maji, au tumbo likikaza kwa mpango, au kizunguzungu, kichwa kikali, kifua kuuma, kukosa pumzi kabla hata ya kuanza, au shavu moja la mguu kuvimba na kuuma, aache papo hapo aende kliniki. Aliyejifungua naye asiharakishwe. Faith Kipyegon wa Kenya, bingwa wa mita 1500 wa Rio 2016, alijifungua Juni 2018; hakurudi katika mashindano mpaka mwaka 2019, kisha akaja kutwaa dhahabu Tokyo mwaka 2021, na Paris mwaka 2024. Kama yeye aliweza kungoja, karani wa majalada aweza.

Bwana Mwenyekiti, mtauliza tutafanyaje basi, maana hatuna fedha za kumpima kila mtu. Nami sisemi apimwe kila mtu. Nasema aulizwe kila mtu. Nimeandika maswali saba katika karatasi moja: kifua, kuzimia, pumzi, kifo cha ghafla katika ukoo, dawa anazotumia, mimba, na homa juma hilo. Asiye na la kujibu akimbie. Mwenye jibu apimwe presha na sukari asubuhi ile, au alete neno la daktari wake, kisha achague kukimbia, kutembea, au kupiga makofi.

Lakini karatasi hizo zisipite masijala. Nalisema hili kwa mkazo. Yule bwana niliyewasimulia alificha maumivu yake kwa mkubwa wake kwa sababu alikuwa akingojea kupandishwa cheo, naye aliogopa neno "moyo" lisije likaingia katika faili lake la siri. Hakuwa mjinga; alijua ofisi. Na bibi mwenye mimba ya majuma nane huenda hajamwambia hata mama yake, sembuse Halmashauri. Kwa hiyo majibu yasomwe na tabibu au muuguzi peke yake, na jioni ya siku ya michezo yachomwe moto. Faini ifutwe kabisa, maana penye faini mtu huficha.

Tena naomba Chama kitoe shilingi za gari moja lenye mafuta, lisimame langoni tangu mwanzo hata mwisho, wala lisitumwe kuleta soda. Na Jumamosi mbili kabla ya siku yenyewe nitafundisha, bure, jinsi ya kumsaidia aliyeanguka asiye na fahamu wala hapumui sawasawa: mmoja apige simu, mwingine apige magoti, aweke viganja katikati ya kifua, abonyeze kwa nguvu kina cha sentimita tano au sita, mara 100 hata 120 kwa dakika, wala asiache mpaka msaada ufike. Nitaleta mto wa kujifunzia. Wanaotaka wajiandikishe kwa Bibi Mhazini. Nafasi ni ishirini kwa kila Jumamosi, na tutaanza saa mbili asubuhi kamili, kabla ya jua kupanda. Karatasi za maswali ziko pale mezani karibu na mlango. Hazina mahali pa jina, ila namba tu ya jezi.